Ufalme wa Kutch: Kiti kilibaki Bhuj, enzi ikahamia kwa Waingereza

WALIOTAZAMA filamu ya Kihindi iitwayo Lagaan, iliyotolewa mwaka 2001, huikumbuka zaidi kwa ule mchezo wa kriketi baina ya wanakijiji na maafisa wa Kiingereza. Kuna sehemu nyingine ya filamu hiyo ambayo aghalabu husahaulika. Wakulima waliokosa mvua wanamwendea mfalme wao, Raja Puran Singh, kumlilia awapunguzie kodi. Mfalme huyo ana kasri, ana walinzi na ana kilemba cha thamani. Hana uwezo wa kuifuta kodi hiyo, kwa kuwa neno la mwisho ni la kapteni wa Kiingereza, na kapteni alikuwa tayari amemwekea sharti la kumdhalilisha: ale nyama kwanza, kinyume cha dini yake.

Hadithi hiyo ni ya kubuni. Hata hivyo, filamu ilipigwa karibu na mji wa Bhuj, katika eneo la Kutch lililo kaskazini magharibi mwa India, na ni vigumu kufikiria mahali ambapo pangelifaa zaidi. Kutch ilikuwa ufalme halisi wa Warajput, yaani zile koo za wapiganaji zilizotawala sehemu kubwa ya kaskazini na magharibi mwa India. Watawala wake walikalia kiti cha Bhuj kwa karibu miaka 400. Katika miaka 128 ya mwisho walikikalia kwa idhini ya Waingereza.

Kwa msomaji wa Afrika Mashariki ipo sababu ya pili ya kuijua historia hii. Raia wa mfalme huyo ndio waliokodi ushuru wa forodha wa Sultani wa Unguja, wakakopesha misafara ya pembe za ndovu, na baadaye wakafungua maduka kutoka Mombasa hadi Uganda. Siku mfalme wao alipoyakabidhi mambo yao kwa Mwingereza, athari zake zilifika hadi kwenye ufuo wetu.

Nchi ya chumvi

Kutch ni nchi kame. Kusini na magharibi imepakana na bahari. Kaskazini na mashariki imezungukwa na Rann, uwanda mkubwa wa chumvi ambao hufurika maji wakati wa mvua za masika ya Kihindi na kukauka ukawa mweupe kama unga nyakati nyingine za mwaka. Maji yanapojaa, Kutch hugeuka kuwa karibu kisiwa.

Ukoo uliotawala huko ni wa Jadeja, tawi la Warajput wa Samma waliohamia kutoka Sindh, nchi ambayo leo imo ndani ya Pakistan. Kwa muda mrefu matawi ya ukoo huo yaligombana yenyewe kwa yenyewe. Katika karne ya 16, mtawala mmoja aitwaye Hamirji aliuawa na jamaa yake, Jam Rawal. Mwana wa marehemu, Khengarji, alikimbilia Ahmedabad kwa Sultani wa Gujarat, akapata msaada na cheo cha Rao, kisha akarudi kudai haki yake. Jam Rawal alivuka ghuba na kuanzisha ufalme wake wa Nawanagar mwaka 1540, ambao mji mkuu wake sasa huitwa Jamnagar. Khengarji naye aliufanya Bhuj kuwa makao makuu yake mwaka 1549.

Ugomvi huo wa jamaa wawili si jambo geni kwetu kama unavyoweza kuonekana. Jamii ya Oshwal iliyoko Nairobi, Mombasa na Thika asili yake ni vijiji vilivyo karibu na Jamnagar, nao Wakutchi wa miji hiyo hiyo wametoka upande wa pili wa ghuba. Mababu zao walikuwa raia wa watawala wa ukoo mmoja uliogawanyika kwa damu.

Khengarji alifanya jambo moja ambalo lilikuwa na maana kuliko vita vyake vyote. Alijenga bandari ya Mandvi, iliyokamilika kufikia mwaka 1580, mahali mto Rukmavati unapoingia baharini.

Sababu ya kuipa bandari uzito huo ni jinsi ardhi ilivyogawanywa. Miongoni mwa Jadeja, kila mwana wa mtawala alipewa fungu lake la vijiji, naye akalirithisha kwa wanawe. Jamaa hawa waliitwa Bhayad, yaani ndugu. Walipaswa kumpigania Rao kila alipowaita, lakini kodi ya vijiji vyao ilikuwa yao. Kwa hiyo kila kizazi kilipopita, ardhi ya Rao mwenyewe ilizidi kupungua huku idadi ya ndugu wenye panga ikiongezeka. Atakaye kuielewa historia ya Kutch na aanzie hapo. Rao hakuwa mfalme wa kuamuru tu. Alikuwa wa kwanza miongoni mwa jamaa waliojiona sawa naye, na fedha ambazo ndugu hawakuweza kuzigusa zilitoka baharini.

Mabaharia na mafundi

Upepo wa kaskazi ulivileta vyombo vya Mandvi katika pwani yetu kuanzia Desemba, vikiwa na vitambaa vya pamba na shanga. Upepo wa kusi ukavirudisha vikiwa na pembe za ndovu, karafuu na sandarusi. Vilichukua pia watu. Wazao wa Waafrika waliofikishwa Kutch na Gujarat, wengi wao kama watumwa, wangali huko hadi leo na huitwa Wasidi. Ngoma yao huiita goma, neno ambalo msomaji wa Kiswahili hahitaji kutafsiriwa.

Wakutchi husimulia kwamba hata yule rubani aliyemwongoza Vasco da Gama kutoka Malindi hadi Calicut mwaka 1498 alikuwa mwenzao, Kanji Malam. Mwandishi wa Kireno João de Barros alimtaja kuwa Mwislamu wa Gujarat aitwaye Malemo Cana. Dai la miaka mingi kwamba alikuwa bingwa Mwarabu Ahmad ibn Majid limekataliwa na wanahistoria wengi. Ama neno lenyewe, malam, ni lile lile la Kiarabu lililotupa mwalimu; kwa mabaharia, mwalimu alikuwa mjuzi wa nyota na njia za bahari.

Malam mwingine alipata sifa katika karne ya 18. Ramsingh Malam, kwa mujibu wa masimulizi ya Kutch, alivunjikiwa na chombo akiwa safarini kuja Afrika, akaokolewa na meli ya Waholanzi na kupelekwa Ulaya, ambako alijifunza kutengeneza vioo, vigae na saa. Aliporudi, Rao Lakhpatji, aliyetawala kuanzia 1741 hadi 1760, alimpa kazi ya kuipamba Aina Mahal, yaani Kasri la Vioo, mjini Bhuj. Lakhpatji alipenda ushairi vilevile, akaanzisha chuo cha kuwafunza washairi. Hiyo ndiyo iliyokuwa kilele cha ufalme huo.

Ufalme wapasuka

Anguko lilikuja haraka. Mwaka 1762 jeshi la Sindh liliingia Kutch na damu nyingi ikamwagika katika vita vya Jhara. Mtawala wa Sindh akazidisha kwa kuziba tawi la mto Indus lililokuwa likinywesha mashamba ya magharibi mwa Kutch, na mashamba ya mpunga ya huko yakaharibika.

Kisha akaja Rao Rayadhan, aliyeanza kutawala mwaka 1778. Mwenendo wake ulivuka mipaka ya akili hata watu wa nyumba yake mwenyewe wakaasi, wakamkamata mwaka 1786. Nchi ikawekwa chini ya baraza la watu 12, na mara mwenye nguvu halisi akawa Jamadar Fateh Muhammad, askari Mwislamu asiye wa ukoo wa kifalme. Alitawala kwa jina la Rao aliyekuwa kizuizini, na kwa hesabu ya wengi alitawala vyema kuliko waliokuwa na haki ya kuzaliwa. Fateh Muhammad na Rayadhan walifariki mwaka mmoja, 1813, na ugomvi ukaanza upya.

Kampuni ya Kiingereza ya India Mashariki ilikuwa ikitazama. Ilikwisha kufanya mkataba wa kwanza na Kutch mwaka 1809 kuhusu uharamia na uvamizi wa mipakani. Mwaka 1816 ikapata wilaya ya Anjar. Rao mpya, Bharmalji, alipojaribu kuitwaa tena Anjar na kuwakabili jamaa zake waliokuwa chini ya kivuli cha Kampuni, jeshi la Waingereza lilipanda ngome ya Bhuj mnamo Machi 1819. Bharmalji akavuliwa utawala. Mahali pake akawekwa mwanawe mdogo, Deshalji, na nchi ikaendeshwa na baraza la walezi ambalo ndani yake aliketi mwakilishi wa Waingereza, Kapteni James MacMurdo.

Kabla mkataba haujatiwa saini, nchi yenyewe ilitikisika. Tarehe 16 Juni 1819 tetemeko kubwa liliua watu zaidi ya 1,500. Katika Rann ardhi iliinuka ikafanya ukuta wenye urefu wa makumi ya kilomita, ambao wenyeji waliuita Allah Bund, yaani boma la Mungu, kwa kuwa halikujengwa na mwanadamu. Ngome ya Sindri ilizama. Bandari ya Lakhpat, iliyotegemea maji ya tawi la Indus, haikupata tena neema yake ya zamani. Katika mji huo uliokuwa ukififia alizaliwa mwaka 1823 Taria Topan, ambaye angekuwa tajiri mkubwa wa Unguja.

Mkataba wa Oktoba 1819

Mkataba uliofuata ndio ulioigeuza Kutch kutoka ufalme huru kuwa nchi ya mtawala wa jadi chini ya himaya ya Uingereza. Zilikuwapo nchi za namna hiyo zaidi ya 560 India ilipopata uhuru mwaka 1947, kubwa na ndogo, na masharti ya Kutch yanaonyesha vyema zilivyofungwa.

Waingereza walimhakikishia Rao kwamba mipaka yake haitaguswa. Naye akakubali kuweka jeshi lao Bhuj kwa gharama yake, na kutofanya mapatano na mtawala mwingine yeyote bila ruhusa yao. Anjar ilirudishwa mwaka 1822, tena kwa malipo ya kila mwaka. Masharti mengine yalikuwa na heri: Jadeja walitakiwa kuacha desturi mbaya ya kuwaua watoto wa kike mara wanapozaliwa, desturi iliyotokana na ugumu wa kuwaoza mabinti katika koo za hadhi. Desturi hiyo haikufa kwa saini moja. Ilichukua miongo mingi.

Sharti lililokuwa na ncha kali kuliko yote ni lile lililowahusu Bhayad. Waingereza waliwadhamini ndugu hao pia, kwamba milki zao zitakuwa salama dhidi ya Rao. Tangu hapo, Rao akitaka kumtia adabu ndugu mkaidi, ndugu huyo alikuwa na mlango wa kubisha nyuma ya mgongo wa mfalme. Ufa wa kale ndani ya ukoo ukawa kifungu cha sheria. Kwa maoni yangu, hapo ndipo enzi ilipotoka Bhuj. Majeshi yalikuwa ni walinzi wa mlango tu.

Wakenya wana mfano wao wa karibu. Ukanda wa pwani wa maili kumi ulihesabiwa kuwa wa Sultani wa Zanzibar, bendera yake ikipepea Mombasa, huku Waingereza wakiutawala kuanzia 1895 hadi 1963.

Raia wa Rao walioko Unguja

Kwa wafanyabiashara wa Mandvi na Mundra, mambo ya Bhuj yalikuwa mbali. Kampuni ya jamaa ya Jairam Shivji, Wabhatia kutoka Mundra, ilishika forodha ya Unguja kwa sehemu kubwa ya karne ya 19. Walimlipa Sultani kodi maalumu kwa mwaka, nao wakakusanya ushuru kwa faida yao. Kila pembe na kila gunia lilipita mikononi mwao. Sultani alipopungukiwa, waliomkopesha ni hao hao. Taria Topan aliichukua forodha hiyo kwa miaka michache kuanzia 1876.

Biashara yote hiyo ilisimama juu ya uchumi wa mashamba na misafara, na uchumi huo ulitumia watumwa. Baadhi ya Wahindi walimiliki watumwa wenyewe, na wengi walitoa mikopo ambayo dhamana yake ilikuwa mashamba pamoja na watumwa waliomo.

Mwaka 1860 balozi mdogo wa Uingereza mjini Unguja, Christopher Rigby, aliamua kwamba sheria iliyowakataza raia wa Uingereza kumiliki watumwa iwashike Wahindi pia. Akawaachilia huru maelfu. Likazuka swali la kisheria: je, raia wa Rao wa Kutch ni raia wa nani? Mkutchi hakuwa mtu wa Bombay iliyotawaliwa moja kwa moja. Mfalme wake alikuwa na kiti chake, sarafu yake na mahakama yake. Wakutchi wengi walijibu kwamba, wakiwa Unguja, wao walikuwa chini ya Sultani, na Sultani hakukataza kumiliki watumwa.

Jibu lilitoka Bhuj. Rao Deshalji alikuwa amepiga marufuku uingizaji wa watumwa nchini mwake tangu 1836. Mwaka 1869 mwanawe, Rao Pragmalji wa Pili, alitoa tangazo kwamba raia wake wanaoishi au kufanya biashara katika nchi za Sultani wa Zanzibar watahesabiwa kama raia wa Uingereza katika mashauri ya utumwa, na balozi mdogo awahukumu.

Hakuna wa kumlaumu Rao kwa kuukataa utumwa. Lakini tuangalie alichokitoa. Mkataba wa 1819 ulimnyima haki ya kusema na mataifa mengine. Hakuwa na balozi wa kumtuma Unguja wala meli ya kivita ya kuwalinda watu wake. Raia wake matajiri kuliko wote walikuwa nje, naye akawakabidhi kwa saini yake mwenyewe. Upande wa pili, balozi mdogo wa Uingereza akapata mamlaka juu ya watu walioshika mfuko wa Sultani. John Kirk, aliyeshika wadhifa huo baadaye, aliyatumia mamlaka hayo kwa ustadi mkubwa. Juni 1873 Sultani Barghash alitia saini mkataba wa kufunga soko la watumwa, na mwaka 1890 Zanzibar yenyewe ikawa himaya ya Uingereza. Sultani akabaki na kiti, kama Rao.

Wakutchi waliendelea kuja. Allidina Visram, mzaliwa wa Kera huko Kutch mwaka 1851, aliwasili akiwa kijana mdogo, akaanzia Bagamoyo na kuishia kuwa na maduka hadi Uganda. Shule yenye jina lake Mombasa inajulikana na wengi. Baadaye wakaja waashi na makandarasi kutoka vijiji vinavyouzunguka Bhuj, kama Madhapar na Baladia. Inafaa kusahihisha kauli inayosikika mara kwa mara kwamba Wahindi wote wa Kenya ni wazao wa wajenzi wa reli. Vibarua wengi wa reli ya 1896 hadi 1901 walitoka Punjab, na wengi wao walirudi kwao. Wakutchi walikuwa pwani kabla ya reli.

Sarafu ya mfalme asiyetawazwa

Nyumbani, Rao alibakiwa na alama za utawala, na alizipenda. Pragmalji alianza mwaka 1865 kujenga Prag Mahal, kasri la mtindo wa Kizungu lililochorwa na Mwingereza Henry St Clair Wilkins, lenye mnara wa saa unaoonekana kutoka kila pembe ya Bhuj. Alifariki mwaka 1875 kabla halijakamilika. Mwanawe, Khengarji wa Tatu, alitawala hadi 1942, miaka 66. Alijenga reli nyembamba kutoka bandari ya Tuna iliyofika Anjar mwaka 1905, akaanza bandari ya Kandla, na mwaka 1921 alikuwa miongoni mwa wajumbe wa India katika Shirikisho la Mataifa.

Kutch ilikuwa pia na sarafu yake ya fedha, kori, iliyokuwa na jina la Rao upande mmoja na jina la mfalme mkuu upande wa pili. Kabla ya Malkia Victoria na waliomfuata, yalitumika majina ya wafalme wa Mughal. Mwaka 1936 kiwanda cha Bhuj kilipiga kori zenye jina la Edward wa Nane, mfalme wa Uingereza aliyejiuzulu kabla hajatawazwa. Sarafu zenye jina lake ni chache duniani. Afrika Mashariki nayo ilizipata: senti tano na senti kumi za 1936, zile zenye tundu katikati. Wazee wenye makopo ya sarafu kuukuu wanaweza kuzitafuta.

Uhuru wa India ulipofika Agosti 1947, Madansinhji alitia saini hati ya kuiunganisha Kutch na India kwa niaba ya babake, Vijayaraji, aliyekuwa Uingereza kwa matibabu na ambaye alifariki miezi michache baadaye. Tarehe 1 Juni 1948 utawala ukakabidhiwa serikali ya Delhi. Kutch iliendeshwa na kamishna, ikatiwa katika jimbo la Bombay mwaka 1956, na tangu Mei 1960 ni wilaya ya jimbo la Gujarat. Mwaka 1971 India ilibadilisha katiba na kufuta vyeo vya wafalme wote wa jadi pamoja na posho zao.

Makaratasi ya Rao yaliishi kuliko cheo chake. India na Pakistan zilipopigana katika Rann mnamo Aprili 1965, kesi ilipelekwa mbele ya mahakama ya usuluhishi ya watu watatu, na mipaka ya Rao na ya serikali ya Sindh ndiyo iliyobishaniwa. Uamuzi wa Februari 1968 uliipa Pakistan takriban asilimia 10 ya eneo lililogombaniwa, na sehemu iliyosalia ikabaki India.

Tetemeko jingine lilipiga Kutch tarehe 26 Januari 2001 na kuua watu wapatao 20,000. Prag Mahal na Aina Mahal zilipasuka vibaya, zikatengenezwa na kufunguliwa tena kwa wageni. Mkuu wa ukoo, Pragmalji wa Tatu, mwana wa yule Madansinhji aliyetia saini, alifariki Mei 2021 bila kuacha mtoto. Huko Mandvi, kandokando ya mto Rukmavati, mafundi wangali wakiunda vyombo vya mbao.